Fasi ya Saba Haipulizwi

Nilimtoa Katibu wa Kamati ya Sherehe filimbi mdomoni kwa mkono wangu mwenyewe, ikiwa bado na mate yake, nikaitupa majanini. Mbele ya watu. Mtoto akiwa mgongoni. Sioni aibu kuandika hivyo. Kila aibu inaponinyemelea ninaikumbuka ile filimbi, na aibu inaondoka yenyewe.

Ilikuwa filimbi ya refa, ile ya plastiki nyeusi. Tulikuwa kilimani, hapa kambi ya wakimbizi ya Nakivale, tukifanya mazoezi ya Kushuka. Pembe ya sita ilikuwa imelia. Fasi ya saba, yaani nafasi ya saba, ikafika, na sisi watu kumi na mmoja tukazuia pumzi kwa ajili ya marehemu wetu. Ndipo Katibu, aliyesimama pembeni na daftari lake, akapuliza: prrrii! Eti anatusaidia. Eti wimbo ulikuwa na shimo.

Nitawaeleza shimo hilo ni nini, ninyi wadogo zangu mnaojifunza pembe siku hizi kwa kutazama simu. Kazi hii niliifanya miaka kumi na mitatu. Watu wanacheka nikisema nimestaafu. Mstaafu gani ananyonyesha? Basi ndiye mimi. Nilistaafishwa kwa barua, nina miaka ishirini na minane, na zawadi ya kustaafu niliyopewa ni beseni.

Siku yangu ya kwanza kazini nilikuwa na miaka kumi na mitano, nasoma sekondari. Mama alinituma kumpelekea Mkubwa wa Mstari unga wa muhogo. Nilipoufikisha sikuondoka, nilibaki nimesimama naangalia mikono yake. Akasema bila kuinua kichwa, "Weye mutoto, ukae ao uende. Usinisimamie juu kama deni." Nikakaa.

Mkubwa wa Mstari ndicho kilikuwa cheo chake, na sikuwahi kumsikia mtu akimwita kwa jina. Alikuwa mwanaume mwembamba, jicho moja lina ukungu, ana koti moja la suti alilolivaa hata akilima. Mbele yake chini kulikuwa na vipande vya bomba la maji, yale ya plastiki ya kijivu yaliyobaki watu wa mradi walipomaliza kuchimba mitaro. Alikuwa anayakata kwa msumeno mdogo, anapuliza, anatikisa kichwa, anakata tena. Pembeni, juu ya kitambaa safi, ililala pembe moja ya mwanzi wa kweli, nyeusi kwa moshi na mafuta ya mikono, na kibuyu mwishoni. Ndiyo aliyokimbia nayo. Watu walikimbia na masufuria, na magodoro, na mbuzi. Yeye mke na watoto walikwisha kufa, hakuwa na wa kumbeba, akabeba pembe.

"Hiyo usiguse," akaniambia. "Ingine yote guse."

Kijiji chetu kilikuwa juu sana, katika milima ya Kivu Kusini, fasi ambayo asubuhi mawingu yako chini yako. Mimi nilikitoka nikiwa mdogo, ninakumbuka baridi tu na harufu ya moshi wa maharage. Nyumba zilikuwa kumi na mbili kwenye mteremko mmoja, zimefuatana kutoka juu mpaka kwenye daraja bondeni. Kila nyumba ilikuwa na pembe moja. Kila pembe ina sauti moja. Moja tu, haina ya pili. Kwa hiyo mtu mmoja peke yake hana wimbo. Ana mlio, kama mbuzi.

Mara moja kwa mwaka, maharage yakishavunwa, ilikuwa siku ya Kushuka. Nyumba ya Juu inaanza: inapuliza na kutembea. Ya pili inajibu na kufuata. Ya tatu, ya nne, mpaka nyumba ya kumi na mbili, halafu inarudi tena juu, hivyo hivyo, kumi na mbili, kumi na mbili, mstari mzima unateremka njia nyembamba na sauti zinapita mtu kwa mtu kama ndoo za maji. Watu wa bondeni walikaa nje wakisikiliza. Hawakuwa na haja ya kuuliza habari za juu. Wimbo uliwaambia ni nani yuko hai.

Maana nyumba iliyozika mtu mwaka ule haipulizi. Fasi yake ikifika, mstari wote unazuia pumzi, unakanyaga mguu wa kulia mara moja, unaendelea. Hiyo tunaita kubeba pumzi. Ndilo shimo la Katibu.

Mwaka mzima wa kwanza sikushika kisu. Nilipewa nta. Nta ya nyuki ndiyo inaunganisha mwanzi na kibuyu, na lazima uikande mpaka iwe laini kama sikio. Nilikuwa narudi kutoka shule, navua yunifomu, nakanda nta mpaka vidole vinanuka asali. Kisha nikafundishwa kutoboa tundu la mdomo, ambalo liko ubavuni, si mwishoni kama tarumbeta. Kisha kukata. Ukifupisha mwanzi, sauti inapanda, inakuwa nyembamba. Ukiukata mno hakuna gundi ya kuurudisha. Unachoweza ni kuzungushia nta kwenye mdomo wa kibuyu, uubane, sauti ishuke kidogo. "Kisu kinasema mara moja," Mkubwa alikuwa akisema. "Nta inaomba musamaha."

Kushuka kwetu kwa kwanza Nakivale kulikuwa na nyumba kumi tu na pembe tisa za bomba. Watu walitucheka. Mabomba yale jua likiyapiga yanalegea, na sauti inalegea pamoja nayo. Tulipanda kilima kinachotazama ziwa, tukaanza. Sijui niseme vipi. Niliyajua yale mabomba yote, nilijua nani amepasuka midomo na nani hajala. Mimi nilikuwa fasi ya nane, Nyumba ya Ukingo, kwa niaba ya baba. Nikasikia moja inakuja kutoka mbele, mbili, tatu, inapita kwa watu inanijia, pembe ya Mkubwa ya saba ikalia karibu na shavu langu, nzito, ya mwanzi, na nilipopuliza yangu haikuwa mimi niliyepuliza. Ilikuwa kama kuwekwa kwenye ukuta, wewe ni tofali, na ukuta unatembea. Miguu yangu ilijua njia ya mlima ambao sikuukumbuka.

Tulipofika chini nilitazama nyuma nikaona tuna wafuasi: ng'ombe wa wenyeji, wale wenye pembe ndefu kama mikono, wametufuata kundi zima, na mchungaji wao anakimbia na fimbo.

"Nyinyi! Mmeita ng'ombe yangu nini?" akapiga kelele.

Mkubwa akamjibu, "Hatukuwaita. Lakini bako na masikio kuliko batu."

Yule bwana alisimama na hasira zake, akatazama mabomba, akacheka mpaka akakaa chini. Mwaka uliofuata alikuja na ng'ombe kwa hiari.

Kazi yangu ya kwanza ya kutumwa mbali ilikuwa Oruchinga, kambi nyingine ya wakimbizi. Huko walikuwa wamepangwa watu wa nyumba mbili zetu, ya kumi na ya kumi na mbili. Mkubwa alinituma niwatengenezee pembe, nikiwa nimemaliza kidato cha nne na nimeanza kujiona. Mianzi ya kweli tulikuwa tumeanza kuipata Mbarara, kwenye bustani ya watu, kwa hiyo nilienda na miti mizuri, kisu, nta, na vibuyu viwili. Mkubwa aliniambia neno moja: "Sauti iko kwa mwenye nyumba. Haiko kwa kisu."

Sikumsikia. Nilikuwa naimba kwaya kanisani, sauti ya pili, na niliona mstari wetu una kasoro ambayo mimi msomi nitaisahihisha. Sauti zetu hazipandi ngazi vizuri kama do, re, mi. Nyingine zimekaribiana, nyingine ziko mbali. Nikakata pembe mbili kwa sauti ya kwaya, safi, tamu. Nikazipeleka kwa bibi wa Nyumba ya Daraja, mama mzee aliyekuwa amekaa mlangoni akichambua mawe kwenye mchele. Akafuta mikono. Akapuliza mara moja. Akashusha pembe mapajani, akaanza kulia kimya kimya, bila sauti yoyote.

Nilifikiri analia kwa furaha. Nikasema, "Ni nzuri, sivyo, bibi?"

"Ni nzuri," akasema. "Lakini hapa si kwangu. Umenipeleka kwa watu gani?"

Wadogo zangu, nimepigwa viboko shuleni, nimetukanwa na wanaume wa Kamati, hakuna kilichonipiga kama swali lile. Nyumba yake iliungua milimani. Kilichobaki kwake cha kuingilia nyumbani kilikuwa sauti moja, na mimi nilikuwa nimeifungia mlango kwa sababu haikupanda ngazi.

Nikamwomba aitoe kwa mdomo. Akafumba macho, akaguna. Nikazungushia nta kwenye kibuyu, akapuliza, akatikisa kichwa. Nikaongeza. Akatikisa. Kidogo tena, kama ukucha. Siku mbili. Siku ya pili mchana alipuliza, na sikuhitaji kumuuliza, kwa maana alisimama. Mama ambaye hakusimama bila fimbo alisimama na pembe mdomoni, akageuka akatazama upande wa magharibi, na majirani wakatoka kwenye nyumba zao kuona ni nani amefika.

Niliporudi nilimweleza Mkubwa kila kitu. Nilingoja anigombeze. Akasema tu, "Sasa umeanza kazi."

Tukawa nyumba kumi na mbili kamili. Tulialikwa huku na kule, na mara moja tulialikwa Mbarara, kambi ya jeshi, kwenye siku ya familia za askari. Aliyetualika alikuwa Afande wa Ustawi, mtu mkubwa mwenye sauti ndogo. Tulipofika tulipewa fasi ya kungojea karibu na jiko, na mkubwa wa jiko alikuwa Mama Sajini, mke wa sajini mmoja, mwiko mkononi kama silaha.

Mwaka ule Nyumba ya Mjane, ya kumi, ilikuwa imezika. Tukajaribu mara moja pembeni ili midomo ipate joto. Fasi ya kumi ikapita kimya, mguu mmoja, puu! Mama Sajini akacheka.

"Eh, nyinyi watu ya Congo! Hiyo moja imekufa betri?"

Wenzangu waliangalia chini. Mimi nikamweleza, kwa ukali, maana hata kabla ya kuwa mama sikuwa mpole. Nikamwambia hiyo ni nyumba iliyozika, na sisi wengine tunambebea mwenzetu pumzi. Mama Sajini akaacha kukoroga. Akatazama uwanja, zile safu za viti, wanawake wenye watoto, viti vingine vina wanawake peke yao.

"Sasa mama," akasema polepole, "sisi hapa tukifanya hivyo kwa watu yetu, si tutakanyaga mpaka kesho?"

Akaenda akamnong'oneza Afande wa Ustawi. Tulipoingia uwanjani, Afande akashika kipaza sauti, akasema maneno machache tu: "Hawa wageni wakinyamaza, na nyinyi mnyamaze." Tukaanza. Moja, mbili, tatu, sauti zikapita. Kumi ikafika. Tukazuia pumzi, na uwanja mzima ukazuia pumzi. Nilisikia bendera inapiga mlingoti. Nilisikia sufuria inachemka kule jikoni. Halafu mguu, na haikuwa miguu yetu kumi na mmoja. Ilikuwa buti, viatu vya kanisani, ndala, vimekanyaga pamoja mara moja, na ardhi ikanijibu mpaka magotini. Nilipogeuza macho nilimwona Mama Sajini amesimama jikoni, mwiko juu, mdomo umefungwa, machozi yanapita.

Hiyo ndiyo kazi yangu niliyoifanya. Mtu akiniambia ni shimo, nitamtupia filimbi yake kila siku.

Mkubwa alikufa Ruharo, kwenye hospitali ya misheni, kwa ugonjwa wa kifua. Mimi nilikuwa na mimba ya miezi minane, napanda basi dogo pale Rwekubo na tumbo langu kwenda kumtazama, na manesi wananiuliza nimekuja kuzaa ama kutazama mgonjwa. Siku ya mwisho alikuwa na pembe yake kitandani, imefungwa kwenye lile koti. Alinipa.

"Nyumba ya Upepo inazimika na miye," akasema. Hiyo ndiyo nyumba yake, ya saba. "Unajua sheria."

Nilijua. Nyumba ikimaliza watu wote, nyumba inayofuata mteremkoni ndiyo inaibebea pumzi, Kushuka kumoja. Na Kushuka kukiisha, palepale bondeni, mtoto wa kwanza aliyezaliwa kwenye mstari baada ya kifo hicho anapewa pembe. Anakuwa mtu wa nyumba ile. Mtu mzima mmoja anampulizia mpaka abadili meno. Hivyo nyumba inawashwa tena. Lakini kimya lazima kitangulie. Bila kimya, pembe haihami. Inabaki kuwa mti tu.

"Nani atazaa?" nikamuuliza, nikijifanya mjinga.

Akatazama tumbo langu kwa lile jicho zima. "Mimi niko na jicho moja," akasema, "lakini hiyo naiona."

Faida alizaliwa siku kumi na tisa baada ya kumzika. Ni msichana, na analia kwa sauti nzito.

Kamati ya Sherehe iliundwa mwaka huo huo. Katibu wake si mtu wa milimani, ni mtu wa mjini, aliwahi kuwa mwalimu, na sitasema ni mtu mbaya, ingawa kidole kinanikwaruza kuandika hivyo. Aliomba pembe ya Mkubwa ikae kwenye biro, yaani ofisi ya Kamati, mpaka siku yenyewe, isipotee. Wakubwa wa nyumba wakakubali. Nami nikakubali, na hilo ni kosa langu mwenyewe. Kisha akaja na habari: kutakuwa na wageni kwenye Kushuka, wametoka mbali, tuwaonyeshe vizuri. Kisha mazoezi. Kisha filimbi.

Nilipoitupa hakunipigia kelele. Angepiga kelele ningemheshimu. Akasema kwa sauti ya mwalimu, "Mama Faida, mimi pia nimezika watu. Lakini wageni wako na dakika kumi tu. Wakisikia shimo watafikiri mumesahau wimbo."

"Wakifikiri hivyo, watuulize. Mdomo wanao."

"Kijana wangu atapuliza ya saba. Anajua kupuliza."

"Hata upepo unajua kupuliza!" nikamwambia. "Tatizo si kupuliza! Ya saba mwaka huu haipulizwi!"

"Uko na mtoto mchanga," akasema. "Umechoka. Upumzike."

Baada ya siku nne ililetwa barua, ina muhuri, inanishukuru kwa utumishi wa muda mrefu na kunipumzisha kwa heshima ili nilee mtoto. Juu yake beseni la plastiki, jekundu. Nililea mtoto mgongoni nikikata mianzi, hakuna aliyewahi kuniona naomba kupumzika. Nikachukua beseni nikalirudisha kwa miguu mpaka kwenye biro ya Kamati.

Katibu hakuwepo. Mlango ulikuwa wazi. Na ukutani, juu ya meza, katikati ya mapambo ya karatasi ya kumetameta, nikaona pembe ya Mkubwa. Ilikuwa imepigiliwa. Msumari wa inchi tatu umepita katikati ya mwanzi, kutoka upande huu mpaka ule, mpaka ukutani.

Pembe iliyotobolewa mwilini haina sauti. Pumzi inatokea pale, inakohoa tu. Ule mwanzi ulivuka mpaka, ukavuka vita, ukalala kwenye mvua, ukafika mzima. Ulikuja kuuawa na pambo. Niliweka beseni chini. Kwa mara ya kwanza katika habari hii yote sikupiga kelele. Nilisimama pale, Faida amelala mgongoni, nikazuia pumzi, nikakanyaga mguu wa kulia mara moja. Halafu nikaenda nyumba kwa nyumba.

Kesho yake tulikuwa watu kumi na mmoja mbele ya ofisi ya komandanti, mkuu wa kambi yetu, pamoja na bibi wa Daraja aliyeletwa kutoka Oruchinga nyuma ya pikipiki. Barua niliiandika mimi. Karani alikuwa Mganda kijana mwenye tai, akaisoma yote, akafika kwenye majina.

"Mama, hapa umeruka mtu. Namba saba iko wapi?"

"Haipo."

"Fomu haiwezi kaa na nafasi. Mtu mwingine anaweza kuingiza jina yake. Mimi napiga laini hapo, ndiyo sheria ya ofisi." Na akachukua rula.

Nikaweka mkono juu ya karatasi. "Kwanza usikilize." Nikawageukia wenzangu, na mmoja mmoja wakataja nyumba zao kwa mpangilio wa mteremko. Ya Juu. Ya Chemchemi. Ya Mapacha. Ya Jiwe. Ya Mhunzi. Ya Njia Mbili. Kisha hakuna aliyesema kitu. Taipureta ya chumba cha pili ikanyamaza. Miguu kumi na mmoja ikakanyaga saruji mara moja. Nikasema, "Ya Ukingo," na waliobaki wakamaliza.

Karani alikuwa bado ameshika rula hewani. Aliniangalia, akamwangalia bibi wa Daraja, akairudisha rula kwenye droo. Akagonga muhuri chini ya karatasi, mbali na namba saba.

Watu waliofanya kazi muda mrefu huwa wanamaliza kwa kusema kazi iliwapa nini. Mimi ilinipa masikio. Nilijua kupuliza mapema. Kusikia kimya kinachokaa kati ya pembe ya sita na yangu kulinichukua miaka yote kumi na mitatu, na sitakubali kukiacha kijazwe na plastiki. Kushuka ni baada ya wiki mbili. Hii ndiyo barua niliyoipeleka, neno kwa neno.

*

Kwa Komandanti wa Kambi.

Yahusu: Malalamiko juu ya Kamati ya Sherehe.

Bwana Komandanti, kwa heshima. Sisi wenye nyumba za mstari wa Kushuka tunalalamika mambo mawili na tunaomba mambo matatu.

Tunalalamika kwamba Katibu wa Kamati amepuliza filimbi katika pumzi ya marehemu, na anataka kuweka mtu wa kuijaza siku ya wageni. Tunalalamika kwamba pembe ya Nyumba ya Upepo, iliyowekwa kwake kama amana, imepigiliwa msumari.

Tunaomba msumari utolewe na sisi wenyewe, si na mtu mwingine, maana ukivutwa vibaya mwanzi utapasuka. Tundu nitaliziba. Nta ninayo.

Tunaomba siku ya Kushuka fasi ya saba ipite kimya, wageni wakiwepo au wasiwepo. Kimya hicho ni hatua moja ya mguu. Kwenye dakika zao kumi hawataona zimepungua.

Tunaomba baada ya hapo pembe apewe Faida, mwenye umri wa miezi kumi na mmoja, ambaye ndiye mtu wa Nyumba ya Upepo.

Kuhusu mimi kupumzishwa, silalamiki. Beseni limerudishwa.

Wenye nyumba tumetia sahihi na vidole kufuata mteremko:

1. Nyumba ya Juu
2. Nyumba ya Chemchemi
3. Nyumba ya Mapacha
4. Nyumba ya Jiwe
5. Nyumba ya Mhunzi
6. Nyumba ya Njia Mbili
7.
8. Nyumba ya Ukingo (Mama Faida, mwandishi)
9. Nyumba ya Mianzi
10. Nyumba ya Mjane
11. Nyumba ya Zizi
12. Nyumba ya Daraja

Namba saba hatukuisahau. Tafadhali msiandike kitu hapo.